Umeandikwa Mzima

Siku hizi serikali hutuuliza hali kila asubuhi, kwa kisanduku kilichotundikwa ukutani. Jibu la kwanza ndilo linaloandikwa, na mtaa usio na wagonjwa hufungiwa zahanati.

"Shikamoo, bibi. Umeamkaje?" kisanduku huuliza kwa upole.

"Marahaba, nimeamka salama. Ila kifua kimenibana tangu juzi."

"Ahsante. Umeandikwa mzima."

Mjukuu wangu Mwanahawa hushika kichwa. "Bibi, anza na kifua!"

"Nimwanzie mtu na kifua, hata salamu hatujamaliza?"

"Si mtu!"

Mtaa mzima tuna adabu hiyo hiyo. Waziri ametupongeza redioni kwa afya njema, na leo ilikuwa siku yetu ya mwisho kupata walau mgonjwa mmoja. Nesi Tunu wa zahanati yetu, ambaye hunisindikiza hadi mlangoni kila niendapo kutibiwa, alikuja kunisihi. Nikajizoeza mbele ya sufuria: "Vibaya. Vibaya."

"Shikamoo, bibi. Umeamkaje?"

Sauti ilikuwa ikikwaruza kidogo, kama ya mtu aliyekesha. Nikamwonea huruma.

"Marahaba, mwanangu. Salama tu. Pole na kazi."

Nesi Tunu hakunilaumu. Alinikalisha, akanisikiliza kifua kwa muda mrefu, kisha akakitia kipimo chake kwenye boksi pamoja na vifaa vingine vya zahanati.