Upara wa Mrushaji

Mpira ulipita kando ya paja la Deo bila kuligusa, naye akaanguka na kuugulia kwa ufundi aliojifunza shule ya bweni, siku za kufyeka nyasi.

Sheria ya besiboli ina huruma: mpigaji akigongwa na mpira, anatembea bure hadi kituo cha kwanza. Vituo vyote vitatu vilikuwa na wenzake Deo, hivyo kila mmoja angesogezwa mbele, wa kituo cha tatu angefika nyumbani, na vijana hao wa Rågsved, kitongoji cha Stockholm, wangepata pointi ya ushindi. Mwamuzi alisita.

Mrushaji hakusita. Alikuwa Mkorea wa miaka arobaini na mitatu, aliyetamba Busan, akachuja Marekani, na sasa klabu yake ya Upplands Väsby ilikuwa imemwambia wazi kwamba wakifungwa leo, mkataba basi. Lakini kwao mrushaji akimgonga mtu huomba radhi. Akavua kofia, akainama mpaka upara wake ukamwelekea Deo, ukiwa na jasho na alama nyekundu ya kofia.

"Kumbe kagongwa," mwamuzi akaamua.

"Tembea, mdogo wangu," nahodha wa timu ya Deo, Mkongo, aliita kwa Kiswahili kutoka kituo cha tatu. "Chechemea kidogo. Na usimwangalie huyo mzee."

Deo alichechemea hatua nne. Mzee bado alikuwa ameinama.

"Deo, nimesema usimwangalie."

Tangu azaliwe, Deo hakuwahi kuinamiwa na mtu wa umri wa baba yake. Akageuka, akaenda mbio hadi kwa mrushaji, akainama chini kumzidi.

"Shikamoo, mzee," alisema, na uwanja mzima ukaona kwamba alikuwa amesahau kuchechemea.