Kofia ya Njano

Saa nne na robo asubuhi, siku ya shule, Kibuyu alikuwa akipalilia mahindi.

Fundi aliacha cherehani, akavuta kiti karibu na tableti ya binti yake. Kwenye kioo, kile kijitu cha vipande vya mraba chenye jina la Kibuyu juu ya kichwa kilifuata mstari mmoja hadi mwisho, kikageuka, kikaanza wa pili. Hakikuruka hata mche mmoja. Mtoto gani wa miaka kumi na mmoja anapalilia hivyo? Na shule je?

Mchezo wenyewe haukuwa na ubaya. Mnapewa ardhi tupu, mnajenga mnachotaka. Tangu wahamie upande huu wa mji, binti yake alikuwa amebakiwa na marafiki wawili tu wa shule ya zamani, Kibuyu na Tausi, na walikutana humo, katika kijiji walichokijenga wenyewe. Fundi hakuwahi kuwaona watoto hao wala wazazi wao. Enzi hizo shangazi ndiye aliyekuwa akimpeleka mtoto shule. Ndiyo maana wiki mbili zilizopita, ujumbe wa Kibuyu ulipoingia asubuhi mtoto akiwa darasani, Fundi alishtuka. Neno la siri alilijua. Akaingia kwa jina la binti yake la mchezoni, Nyuki, na tangu siku hiyo hakukosa hata asubuhi moja.

"Leo pia hukwenda shule?" Kibuyu aliandika.

"Mafua," Fundi alijibu. "Na wewe?"

"Mafua."

Tausi naye alitokea. Alibisha hodi mlangoni, akangoja akaribishwe, ndipo akaingia. Naye alikuwa na mafua.

"Nyuki, umekula?" Tausi aliuliza.

"Nimekula."

"Nani yuko nyumbani na wewe saa hizi?"

Hilo ndilo swali alilokuwa akiliogopa Fundi. "Niko peke yangu," akaandika makusudi.

Kisha Kibuyu akaandika, "Siku hizi mnakaa mtaa gani?"

Jioni Fundi alimchokoza binti yake kwa maneno, huku akijifanya anakata nyuzi za pindo.

"Hivi huyo Kibuyu ni mtoto wa namna gani?"

"Kibuyu? Ana fujo huyo. Kazi yake kulipua vitu kwa baruti."

"Halimi?"

Binti alicheka. "Kibuyu alime? Mama, hata penseli yake hachongi."

"Na kijiji chenu kinaendeleaje?"

"Tumekihama. Tulikuwa tukirudi tunakuta vitu vimepangwa vizuri, hatujui nani kapanga. Tukaogopa. Tuko kwingine sasa." Alisema hivyo kama mtu anayesimulia habari za mvua, akarudi kwenye hesabu zake.

Fundi alirudi kwenye cherehani, akawaza. Mtu alikuwa amevaa majina ya watoto, akawafukuza kijijini kwao, na sasa alikuwa anauliza mtaa. Fundi angeweza kumnyang'anya binti yake tableti yakaisha. Lakini hapo mtoto angebaki na nani? Afadhali amkamate huyo mtu kwa mkono wake.

Kilichomuudhi zaidi ni kwamba alikuwa ameanza kumzoea. Siku alipotumbukia shimoni, Kibuyu alimchimbia ngazi, kidato kwa kidato, bila kumcheka. Tausi alimpandia maua dirishani. Kuna asubuhi Fundi alijikuta anacheka peke yake, mguu ukiwa juu ya kanyagio la cherehani, nguo ya mteja imekwenda upande. Alijionea aibu. Matapeli ndivyo walivyo, alijiambia, wanakuzoesha kwanza.

Alhamisi akatega mtego.

"Jumamosi saa nne tukutane bustani kubwa ya mjini, penye bembea," aliandika. "Nitavaa kofia ya njano ili mnitambue."

Watoto waliokaa dawati moja miaka minne hawahitaji kofia ili watambuane. Kibuyu wa kweli angemcheka mpaka basi. Fundi alisubiri, kucha mdomoni.

"Sawa," Kibuyu akaandika. "Nami nitakuja na ya njano."

"Nami pia," akaandika Tausi.

Fundi aliegemea kiti chake taratibu. Kumbe ni wawili.

Jumamosi alifika nusu saa mapema, kofia ya njano ya binti yake mkononi. Penye bembea hapakuwa na mtoto hata mmoja. Kwenye benchi la kwanza alikaa baba mmoja mwenye upara, gazeti limefunguliwa usoni, na halikugeuzwa ukurasa. Kwenye la pili alikaa dada mmoja mwenye sare za uuguzi, amekumbatia mkoba. Kwenye zipu ya mkoba ule ilichungulia rangi ya njano. Hasira ilimsukuma Fundi hadi kwa mlinzi wa bustani.

"Mzee wangu, nisaidie," alisema kwa sauti ya chini. "Kuna watu wazima wanajifanya watoto kwenye mchezo wa mtandaoni. Wamekuja hapa na kofia za njano kumvizia binti yangu. Naomba uwashike."

Mlinzi aliitazama kofia iliyokuwa mkononi mwake. Akayatazama mabenchi. Akairudia kofia, akavuta pumzi, na bila haraka yoyote akamshika Fundi mkono juu ya kiwiko.

"Mama," alisema, "wewe ni wa tatu kuniambia hivyo asubuhi hii. Yule baba pale na yule dada pale, kila mmoja kwa wakati wake, wameniomba nimshike mtu mzima anayejiita Nyuki."