Ndani ya Mfarishi

Hakimu alimsogezea Geesje mkasi taratibu juu ya meza, ncha zikimwelekea hakimu mwenyewe.

"Ukate wewe, mama. Ni kazi ya mwanao."

Mifarishi yote ya kujifunika kitandani aliyoishona binti yake huko India ilikuwa imezuiwa bandarini Rotterdam. Geesje aliapa kwamba imejazwa sufu. Watu wa forodha walishuku nailoni, na ushuru wa nailoni ungelimeza duka lake. Mkaguzi alipotaka kupasua mmoja, Geesje alimkatalia, akamruhusu kupapasa pembeni tu. Ndivyo walivyofika mahakamani.

"Hata jibini, mama, hutobolewa katikati kabla ya kununuliwa," mkaguzi alikuwa amemtania asubuhi ile, huku akimshikia mlango.

"Jibini halikushonwa na binti yangu. Huyo hajawahi kunidanganya."

Sasa aliukata mfarishi uliokuwa mezani. Pembeni ilitoka sufu ya kijivu, bado ina harufu ya kondoo. Geesje akatabasamu, akausogeza mkasi ndani kidogo, kama upana wa kiganja.

Nyuzi nyeupe zikafumuka, laini, zinang'aa, hazina harufu yoyote.

Sufu ilikuwa imewekwa pale tu ambapo mkono wa mtu ungepapasa.

Mkaguzi alipiga magoti, akaanza kuziokota nyuzi zilizomwangukia Geesje viatuni.

"Pole, mama," alinong'ona. "Labda ni huu mmoja tu."

Geesje aliugeuza mfarishi, akaanza kukata upande wa pili.