Pingu Namba Arobaini na Moja

Rais alinyoosha mkono wa kushoto huku akicheka, na waziri wa Uingereza aliyemkaribisha akanyoosha wa kulia. Mpiga picha alitaka wafungwe pingu moja, kwa mzaha.

Mwanasiti akawafunga. Ndiyo kazi yake katika kiwanda hiki cha pingu cha Birmingham tangu mwaka 1967: kila pingu huijaribu kwanza kwenye mkono wake mwenyewe, kisha huigonga namba yake ya kazi, 41. Miaka saba ya kujifunga imemwachia alama nyeusi kwenye kifundo, hata sabuni haiitoi.

"Kumbe binti wa kwetu!" Rais akasema kwa Kiswahili. "Haya, niambie. Hizi tunazonunua ni imara kweli?"

"Imara, Mheshimiwa. Kaka yangu aliletwa maiti kutoka gerezani kwako, nazo zikiwa mikononi. Mama aliwasihi askari wako wazifungue, aoshwe vizuri. Walikataa. Kazikwa nazo. Mama akaniandikia namba aliyoiona kwenye chuma."

Kicheko kikamkatika Rais. Akainamia chuma kilichombana, akaisoma namba: 41.

"Anasema nini?" waziri akauliza kwa Kiingereza, bado anaitabasamia kamera.

"Fungua," Rais akasema. "Nakuomba, fungua."

Ufunguo ulikuwa umelowa jasho kiganjani mwa Mwanasiti. Kando yake palikuwa na pipa la mafuta machafu, limejaa hadi ukingoni.

"Mama naye aliomba hivyo hivyo," akasema, akafumbua kiganja juu ya pipa.