Mkeka wa Jaani

Siwema alikuwa akichambua taka jaani tangu alfajiri, mgongo ukimuuma, gari la mtaa wa matajiri lilipomwaga mzigo wake. Akachomoa mkeka uliofungwa kwa kamba ya ukindu. Aliujua hata kabla hajaufungua. Aliusuka mwenyewe kwa miezi mitatu, uwe zawadi ya harusi kwa binti wa nyumba alikofua nguo miaka tisa. Binti aliupokea kwa mikono miwili.

Kamba ilikuwa haijawahi kufunguliwa.

"Mkeka mzima huu, shoga," alisema Mwantumu, mwenzake wa pale jaani. "Nani katupa?"

"Wenye mazulia."

"Utauuza?"

Siwema alikuwa amechoka mno, hata kulia hakuweza. Saa ya chakula ilipofika akaikata kamba kwa meno, akautandika palipokuwa pakavu. Rangi zake zilikuwa bado zinawaka. Mwantumu alikuja na muhogo wake, akataka kuketi, akasita, akavua viatu. Wanawake wengine nao wakavua, wakavipanga pembeni kama wageni barazani.

Siwema alibaki amesimama ukingoni, viatu miguuni.

"Karibu, dada," mmoja akamwambia, akimsogezea nafasi.