Wiki ya Saba

Regina alirudia hesabu mara ya tatu kwenye karatasi, kitabu cha majedwali ya logi kikiwa wazi kwenye ukingo wa josho la kuogeshea ng'ombe. Dawa hupungua kwa sehemu moja ya tano kila wiki. Ni wiki ya ngapi itakuwa imeshuka chini ya robo, isiweze tena kuua kupe? Jibu halikubadilika. Wiki ya saba.

Akahesabu kwa vidole. Tangu serikali iache kuleta dawa, baba yake, mwangalizi wa josho la kijiji, alikuwa akiongeza maji tu, na wafugaji wakilipa kama kawaida. Wiki ishirini zilikuwa zimepita.

"Baba, hii haiui hata kupe mmoja."

Baba akaichukua karatasi, akaisoma mstari kwa mstari. "Umepatia," alisema, akaikunja na kuitia mfukoni. "Na hicho kitabu, unadhani kimenunuliwa kwa pesa gani?"

Mzee wa Kimaasai alikuwa amefika langoni, akiswaga ng'ombe watatu kutoka Msowero. Mwezi uliopita alileta kumi na mmoja. Sikioni mwa yule wa mbele kupe walikuwa wamebanana, wamenona kama mbegu za mbarika.

"Shikamoo, babu."

"Marahaba, mjukuu wangu. Wewe ni msomi, huwezi kunidanganya. Dawa ina nguvu?"

Baba yake alikuwa akikoroga maji kwa mti mrefu. Hakuinua uso.

Regina alifunga kitabu.

"Ina nguvu, babu," alisema, akafungua lango.