Bata Watatu Hewani

Siku hizi kila nyumba ni kituo cha redio. Taa ya ukutani ikiwaka nyekundu, lazima mtu alitaje jina la kituo. Nyumba ikinyamaza, masafa yake anapewa jirani.

Asubuhi hiyo Zamaradi wa kituo cha Bata Watatu aliamka sauti imemkauka, na ndani alikuwa na mwanawe tu, Kiula, ambaye hajaanza kusema. Taa ikawaka. Akafungua mdomo, ukatoka mkwaruzo mtupu.

Ndipo Kiula, kutoka mkekani, akapaza sauti: "Bata Watatu!"

Taa ikageuka kijani. Mtaa mzima ukalipuka kwa vigelegele hewani.

"Hongera, Mama Kiula! Mwanao katangaza!"

Zamaradi akamrusha mtoto juu, akicheka na kulia.

"Sasa niite mama," akamnong'oneza.

Kiula akaigeukia taa, akingoja iwe nyekundu.